Mto Ukihama Usiku: Kusoma Nagona na Mzingile Ukiwa Kyela

Nianze kwa kukiri. Miaka kadhaa iliyopita, nilipokuwa mgeni katika uandishi wa habari na nikijiona najua kila kitu, niliandika makala fupi gazetini kuhusu Mzingile ya Euphrase Kezilahabi. Niliiponda. Nilisema mwandishi aliyetupa Rosa Mistika alikuwa amechoka na watu, akaamua kuzungumza na mawingu. Nilisema msomaji anayegombania daladala kila asubuhi hana muda wa riwaya ambamo jana, leo na kesho zimechanganywa kama kachumbari. Nilijisikia vizuri sana nilipomaliza hiyo sentensi ya kachumbari. Watu wawili watatu walinipigia simu kunipongeza. Mmoja wao baadaye alikiri kwamba kitabu chenyewe hakuwahi kukisoma.

Mwaka huu nimekisoma tena, safari hii nikiwa Kyela kwa bibi yangu mzaa baba, mvua za masika zikinyesha mwezi mzima. Nimekuja kufuta maneno yangu. Si yote, lakini mengi.

Ninachotaka kukizungumzia hapa ni jambo ambalo fasihi ya kubuni inalipenda sana siku hizi: mtu mmoja kuona nyakati kadhaa kwa mpigo. Si kukumbuka tu, maana hiyo kila mtu anaweza, na darasani tulifundishwa kuiita mbinu rejeshi. Nazungumzia mhusika ambaye macho yake yanapokea mikondo miwili au mitatu ya wakati kwa pamoja, asijue upi ni wake. Walioona filamu ya Everything Everywhere All at Once ya mwaka 2022, ile iliyozoa tuzo za Oscar mwaka uliofuata, wanaelewa: mama mwenye biashara ya kufulia nguo anaanza kuyaona na kuyahisi maisha mengine ambayo angeyaishi kama angechagua tofauti. Kabla ya hapo, mwaka 1941, Jorge Luis Borges wa Argentina alikuwa ameshaandika hadithi yake kuhusu bustani ya vijia vinavyogawanyika, ambamo wakati wenyewe unachepuka kila mtu anapoamua jambo. Vijana wetu wanaipenda fani hii. Swali ninaloulizwa mara kwa mara ni je, sisi kwa Kiswahili tunayo?

Jibu langu la zamani lilikuwa hapana, tuna mazingaombwe tu. Jibu langu la sasa ni kwamba tunayo tangu mwaka 1990, ila mikondo yetu haikutokana na mahali ilikotoka mikondo ya wenzetu, na ndiyo maana mimi sikuitambua.

*

Bibi yangu amevuka miaka 80. Tangu nikiwa mdogo amekuwa akiniita "mume wangu", ule utani wa bibi na mjukuu ambao sina haja ya kuueleza hapa: umeniletea nini mume wangu, na huyo mke mwenzangu wa mjini hajambo? Safari hii nilipofika alinitazama kwa muda mrefu, akanishika mkono, akaniuliza kama nimekula na kama ziwa limetulia. Hakuniita mume wangu. Aliniita mwanangu. Hapo nikajua kwamba hakuwa akiniona mimi. Alikuwa akimwona Baba Mdogo.

Baba Mdogo alizama kabla mimi sijaanza shule. Alikuwa mfanyabiashara mdogo, akipeleka mchele kwa mtumbwi na kurudi na vyungu vya Wakisi, vile ambavyo mpaka leo akina mama huvileta kwa mitumbwi siku za Jumamosi kwenye soko la Lyulilo, karibu na Matema. Siku moja upepo wa mwera ulimkuta majini. Mwili haukupatikana. Watu husema nimefanana naye, hasa ninapocheka.

Siku ya kwanza nilimwambia Bibi ukweli. Nilimwambia mimi ni mjukuu wake, na kwamba Baba Mdogo alishafariki zamani. Alilia kama mtu aliyepata habari hiyo dakika ile, kwa sababu kwa upande wake ndiyo kwanza alikuwa anaipata. Asubuhi ya pili alikuwa ameshasahau, akaniuliza tena kuhusu ziwa. Nikamwambia tena. Msiba ukaanza upya. Siku ya tatu shangazi yangu aliniita kando, jikoni, akaniambia bila kupandisha sauti: "Baba, huo msiba tulishaumaliza. Wewe kila asubuhi unaufukua wa nini?"

Jioni ile nilifungua Mzingile nikiwa sina hili wala lile, nilichotaka ni kukwepa mazungumzo tu. Nikakutana na jambo ambalo mara ya kwanza nililipita mbio. Msimulizi wa riwaya ile ametumwa kupeleka taarifa ya kifo. Kuna mzee, Kakulu, ambaye kuzaliwa kwake ni hekaya na ambaye amejitenga na watu, na msimulizi anapaswa kumfikia huko aliko amweleze kwamba mwanawe amekufa. Ndiyo safari yenyewe hiyo. Mambo mengine yote, ile mizunguko, dunia iliyoteketea, na mwanzo mpya unaojaribiwa juu ya majivu, yananing'inia kwenye kazi hiyo moja ya mjumbe wa msiba.

Nilikifunga kitabu. Sikuweza kuendelea usiku ule.

*

Kwa wasiomfahamu vizuri Kezilahabi, ngoja nirudi nyuma kidogo. Alizaliwa mwaka 1944 Namagondo, Ukerewe, akafariki Januari 2020 baada ya kufundisha kwa miaka mingi Chuo Kikuu cha Botswana. Riwaya zake za mwanzo, Rosa Mistika (1971), Kichwamaji (1974), Dunia Uwanja wa Fujo (1975) na Gamba la Nyoka (1979), ni za watu tunaowajua. Kuna baba mkali, binti anayeharibikiwa, msomi anayeona maisha hayana maana, kijiji kinachosukumwa kuingia Ujamaa. Wakati ndani ya riwaya hizo unakwenda mbele kama basi. Halafu akaenda Marekani, akaandika tasnifu yake ya udaktari Chuo Kikuu cha Wisconsin kuhusu falsafa ya Kiafrika na tatizo la kufasiri fasihi, akaimaliza mwaka 1985. Aliporudi kwenye riwaya, basi lilikuwa limeshaacha barabara. Nagona ilitoka mwaka 1990, Mzingile mwaka 1991. Ni vitabu vyembamba. Unaweza kuvimaliza vyote viwili ndani ya basi la Dar kwenda Mbeya, na ukishuka usijue umesoma nini.

Katika Nagona msimulizi asiye na jina anatangatanga katika nchi isiyo na ramani. Anawakuta mahali pamoja wanafikra waliotenganishwa na zaidi ya miaka 2,000, wa Ugiriki ya kale na wa Ulaya ya karne ya 19. Kuna paa anayewindwa asikamatike. Kuna Ngoma Kuu na mkombozi wa pili anayengojewa. Jambo linaloonekana limekwisha linageuka kuwa bado linakuja. Wahakiki wengi wamesema, kwa haki, kwamba mwandishi alikuwa anaupinga ule uhalisia aliousaidia kuujenga mwenyewe.

Sasa nisikilize mimi mtoto wa Kyela. Kwa Kinyakyusa, "gona" ni lala. Salamu yetu ya kwanza kabisa, ambayo hata mgeni hujifunza kabla hajashusha begi, ni "Ugonile?", yaani umelala, umeamkaje. Sisemi kwamba Kezilahabi, mtu wa Ukerewe, alikuwa na Kinyakyusa akilini. Ninachosema ni kwamba sikio langu haliwezi kusoma neno Nagona bila kusikia mtu akisema habari za kulala kwake. Na ukiisoma riwaya ile kama jibu la mtu aliyeulizwa "Ugonile?", mengi yanakaa sawa. Huyu mtu anakueleza alikopitia. Hakuoti matukio ya ajabu ili akushangaze. Ametoka mahali ambako waliokufa hawajafa bado na ambao hawajazaliwa wameshafika, na wewe umemuuliza mwenyewe.

*

Kuna kitu kuhusu nchi ya huku ambacho ni lazima nikieleze, maana bila hicho hoja yangu itaonekana kama ya mtu aliyekaa na mgonjwa mpaka akachanganyikiwa naye.

Mto Songwe ndio mpaka wa Tanzania na Malawi kabla haujaingia Ziwa Nyasa. Sehemu yake ya chini inapita kwenye tambarare ya udongo laini, na mafuriko yakija mto hubadili njia. Mpaka unafuata mto. Kwa hiyo mtu anaweza kulala na shamba lake la mpunga Tanzania, akaamka mto uko upande wa pili wa shamba. Yeye hajasogea hata hatua moja. Serikali mbili zimekuwa na mpango wa pamoja wa bonde hilo, na moja ya shabaha zake ni kuutuliza mto usihamehame. Fikiria hiyo ni habari ya aina gani: ofisi zinakaa vikao kuuomba mto uchague mkondo mmoja.

Ukishuka ziwani, mambo ni yale yale. Tarehe 1 Julai 1890 Wajerumani na Waingereza walitia saini mkataba huko Berlin wa kugawana sehemu za Afrika. Malawi, kwa kuusimamia mkataba ule, inasema mpaka ni ukingo wa ziwa upande wetu, maji yote ya kaskazini ni yake. Tanzania inasema mpaka unapita katikati ya ziwa. Mwaka 2012 mzozo huo ulipamba moto tena baada ya Malawi kutoa leseni ya kutafuta mafuta, na marais wastaafu wa Afrika wakiongozwa na Joaquim Chissano wakaombwa kusuluhisha. Mvuvi anayetoka Itungi alfajiri kutafuta usipa anapiga kasia katika nchi mbili kwa wakati mmoja, kutegemea ramani uliyoishika. Hata jina la maji yenyewe ni mawili, Nyasa huku na Malawi kule, na hakuna samaki aliyewahi kuulizwa.

Na kuna jina la Mungu. Makanisani kwetu kwa Kinyakyusa Mungu anaitwa Kyala. Lakini Monica Wilson, mwanaanthropolojia aliyefanya utafiti Unyakyusa miaka ya 1930, aliandika kuhusu Kyala kama shujaa wa kale, mtu wa nasaba na wa mahali, aliyefanyiwa matambiko karibu na ziwa. Wamishonari walichukua jina hilo wakamwita nalo Muumba wa mbingu na nchi. Bibi yangu amesali kwa jina hilo maisha yake yote. Sasa msomaji aliyekulia na jina kama hilo akimkuta Kakulu wa Mzingile, mzee ambaye labda ni Mungu na labda ni babu tu aliyechoshwa na wanawe, kwa nini ashangae?

Hapa ndipo ninapoona tofauti na bustani ya Borges au yule mama wa dobi. Kwao, mikondo ya wakati huzaliwa kutokana na uchaguzi. Uliolewa au hukuolewa, uliondoka au ulibaki, na kila uamuzi ukazaa ulimwengu wake. Kinachomuuma mhusika ni majuto: ningefanya vile. Ni maumivu ya mtu mwenye nafasi ya kuchagua. Mikondo ya huku haikuzaliwa na uchaguzi wa aliye ndani yake. Hakuna mtu wa Mwaya au Matema aliyealikwa Berlin mwaka 1890. Hakuna mkulima wa Songwe aliyeuambia mto uhame. Nyakati zimelazwa juu yetu kama mikeka, mmoja juu ya mwingine, na mtu anakaa juu ya yote. Kezilahabi aliliona hilo kutoka kisiwa kingine, ziwa jingine. Msimulizi wake halalamiki kwamba angechagua tofauti. Anauliza kitu kigumu zaidi: kwa kuwa yote haya yananipitia mimi, nina wajibu gani?

*

Ili nisionekane namsifu mtu mmoja kwa sababu ya huzuni zangu, niweke kando yake kitabu kingine ambacho kwa haki kinapendwa: Babu Alipofufuka cha Said Ahmed Mohamed, kilichotoka mwaka 2001. Babu aliyekwisha kufa anamrudia mjukuu wake, K, kigogo aliyenona kwa mali ya umma, na kumchukua kwenye safari za kumwonyesha alikotoka na anakokwenda. Dhihaka yake ni kali na lugha yake ni ya fundi. Kama unataka kucheka na kukasirika katika ukurasa mmoja, kasome hicho. Lakini angalia jinsi wakati unavyotenda kazi ndani yake. K ana kiongozi. Babu anajua kipi kilikuwa na kipi kitakuwa, anamwonyesha kama mwalimu anavyoonyesha ubaoni, na sisi wasomaji tunajua kila mara tumesimama wapi. Ndiyo njia ambayo Charles Dickens aliitumia mwaka 1843 kwa yule bahili wake wa Krismasi. Nyakati zinapanga foleni. Kila moja inaingia, inatoa somo, inatoka.

Nagona inakataa foleni, na hilo ndilo lililoniudhi zamani. Lakini nisiibebe kupita kiasi. Bado nashikilia kwamba Nagona ina sehemu ambazo mawazo yametangulia kufika na watu hawajaja. Wale wanafikra wa Ulaya wakikusanyika, nyakati kadhaa zinakuwa orodha ya majina, na msomaji ambaye hajapita darasa la falsafa anabaki mlangoni akisikiliza sherehe ya wengine. Mwandishi aliyetaka kutuonyesha nyakati zote kwa pamoja alituletea zaidi nyakati za maktaba. Halafu wanawake katika vitabu vyote viwili ni alama kuliko watu: mlezi, mzaa mkombozi, mwanamke wa mwanzo mpya. Mtu aliyemwandika Rosa alijua kufanya vizuri zaidi. Haya sikuyafuta na sitayafuta.

Mzingile ni kitabu bora kuliko Nagona kwa sababu moja tu, nayo inatosha. Ndani yake kuna mtu mwenye taarifa mkononi. Unaweza kuvuruga wakati kadiri unavyotaka, lakini mtu akiwa na habari ya msiba ya kumfikishia mzazi, kila mvurugiko unakuwa na uzito. Kama mzee alishajua, kuna haja gani ya kumwambia? Kama mwana hajafa bado, je, mjumbe ndiye anayemuua kwa kutamka? Kama dunia yenyewe imeshakwisha, habari hii ni ya nani? Bila mjumbe, hayo ni maswali ya semina. Kukiwa na mjumbe, ni maswali ya mtu aliyesimama mlangoni na kofia mkononi.

Nadhani hapa ndipo penye kipimo cha fani hii yote, ya kwetu na ya kwao. Usiulize mwandishi amefungua milango mingapi ya wakati. Uliza kama kuna mtu ndani ya kitabu ambaye kuona kwake nyakati nyingi kunamgharimu kitu. Kuna riwaya na filamu nyingi ambamo ulimwengu wa pili ni akiba: ukiharibu huku, unahamia kule. Marehemu wa mkondo huu anapatikana hai mkondo ule, mnakumbatiana, muziki unapigwa. Mimi naona ni udanganyifu. Mzingile haimpi msimulizi wake akiba ya aina hiyo. Popote anapotokea, kazi aliyotumwa iko naye.

*

Kiswahili kina kitu ambacho sijakiona kikitumiwa vya kutosha na wahakiki wetu tunapojadili nyakati sambamba. Walimu wa sarufi walitufundisha kutofautisha "nge" na "ngali". "Angekuja ningempikia": mlango bado uko wazi, anaweza kuja. "Angalikuja ningalimpikia": mlango umefungwa, hakuja na hatakuja. Mtaani tunachanganya, ni kweli, na wengi wameshaiacha kabisa "ngali" kwenye mazungumzo. Lakini tofauti ipo, na ni kubwa. Lugha yetu imetenga kiambishi kwa ulimwengu uliokuwa unawezekana ukashindikana.

Nilianza kumsikiliza Bibi kwa sikio hilo. Kiswahili chake kimechanganyika na Kinyakyusa, lakini anaponizungumzia mimi ambaye ni Baba Mdogo, hatumii "ngali" hata mara moja. "Ungeniambia mapema ningekuwekea mbasa." "Ungepumzika, mwera unavuma." Kila kitu kiko wazi. Kwa upande wake hakuna mlango uliofungwa miaka thelathini iliyopita. Mimi, mwenye akili timamu na simu ya kisasa, ndiye niliyekuwa nazunguka nyumbani nikigawa "ngali" kwa kila mtu kama karani wa vifo.

Sitaki kueleweka vibaya. Ugonjwa wa kusahau si hekima wala si riwaya. Bibi anapotea njia ya kwenda chooni. Usiku anaogopa watu ambao hawapo. Shangazi yangu hajalala usingizi kamili kwa muda mrefu, na mwandishi yeyote atakayekuja kuniambia kwamba mama yule mzee "anaishi nje ya wakati", kwa sauti ile ya kupendeza, nitamwomba akae naye wiki moja tu, amfulie shuka. Niliposema Kezilahabi aliona kitu cha kweli, sikumaanisha kwamba kuchanganyikiwa ni kuzuri. Nilimaanisha kwamba kuna watu wanaoishi hivyo, na wanaokaa nao wanatakiwa kujua la kufanya, na uhalisia wa basi linalokwenda mbele hauna cha kuwaambia zaidi ya "mweleze ukweli". Niliueleza. Niliueleza mara mbili, na mara zote mbili ulikuwa ukweli wa upande wangu peke yangu.

Ile makala yangu ya zamani ilikuwa na kosa hilo hilo. Nilidai riwaya iniambie ni saa ngapi. Nilidhani msomaji wa kawaida, yule wa daladala niliyejidai kumtetea, anaishi katika saa moja tu. Kumbe mimi ndiye niliyekuwa nimepanga chumba ndani ya saa moja. Bibi yangu hakusoma zaidi ya darasa la nne, na kama ningemsomea Mzingile kwa sauti, nadhani angeniuliza swali la maana kuliko yote niliyowahi kuyauliza: huyo kijana aliyetumwa, alipewa chakula kabla ya kuondoka?

*

Kwa anayetaka kuanza: usianze na Nagona, ingawa ndiyo iliyotangulia kutoka. Anza na Kichwamaji, uone mwandishi huyu alivyoweza kuubana wakati mpaka ukakosa pumzi. Kisha nenda moja kwa moja Mzingile. Isome taratibu, na kila unapopotea jiulize yule mjumbe amebeba nini wakati huo. Nagona iwe ya tatu, utaifurahia zaidi ukishajua inaelekea wapi. Babu Alipofufuka isome wakati wowote ukiwa umekasirishwa na viongozi, yaani wakati wowote.

Siku ya mwisho kabla sijaondoka Kyela, Bibi alikuwa amekaa barazani, mvua imekatika, milima ya Livingstone inaonekana yote. Aliniuliza kama ziwa limetulia. Nilikuwa na majibu mawili na yote mawili niliyajua kwa moyo. Niliwaza kuhusu yule mjumbe, na kuhusu shangazi aliyekuwa anapepeta mchele nyuma yetu, kimya, akisubiri kusikia nitasema nini.

Asubuhi ile nilikuwa nimepita ukingoni. Ziwa lilikuwa shwari kabisa.

"Limetulia, mama," nikamwambia.

Akaniambia basi nenda, lakini urudi kabla ya mwera.

Makala yangu ya zamani bado ipo kwenye maktaba ya gazeti lile. Siwezi kuiondoa. Ukikutana nayo, isome kama sauti ya kijana aliyekuwa hajatumwa bado popote.